Wahome Mutahi
Wahome Mutahi (24 Oktoba 1954 - 22 Julai 2003) alikuwa mwandishi wa vichekesho, mwanahabari na mwigizaji kutoka nchini Kenya. Alizaliwa Nyeri.

Alijulikana hasa kwa safu yake "Whispers" katika gazeti la Sunday Nation. Kwa visa vya baba mlevi, mkewe Thatcher na watoto wao, aliwachekesha wasomaji huku akiwasema wakubwa wa serikali.

Mwaka 1986 alikamatwa akidaiwa kuwa na uhusiano na Mwakenya, kundi la siri lililopinga serikali ya Daniel arap Moi, akafungwa. Baadaye aliandika riwaya kuhusu mateso na jela, zikiwemo "Three Days on the Cross" (1991) na "Jail Bugs", lakini vichekesho hakuviacha: "How to Be a Kenyan" kilitoka mwaka 1996.

Alifariki baada ya kupoteza fahamu kwa miezi kadhaa kufuatia upasuaji.