Padre William Corby, Mchungaji Kati ya Wapiganaji

Wachezaji wa Chuo Kikuu cha Notre Dame, nchini Marekani, hujulikana kwa jina la Waayalandi Wapiganaji. Chuo kililikubali rasmi mwaka 1927, na wengi hulihusisha na kikosi cha askari wa asili ya Ireland kilichohudumiwa na Padre William Corby.

Padre Corby, wa Shirika la Msalaba Mtakatifu, alizaliwa Detroit mwaka 1833. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vilipozuka, aliacha kufundisha akawafuata askari hao kama padre wao. Tarehe 2 Julai 1863, huko Gettysburg, alisimama juu ya mwamba, akawahimiza kutubu, akawapa maondoleo ya jumla. Wengi wao hawakurudi. Baadaye aliandika kwamba nia yake iliwakumbatia wote, hata askari wa upande wa adui.

Aliongoza chuo hicho mara mbili. Aprili 1879 jengo kuu liliteketea. Padre Corby akaahidi masomo yangeendelea, na Septemba wanafunzi wakapokelewa katika jengo jipya. Alifariki mwaka 1897.

Jina hilo lasifu ushujaa wa kupigana. Sisi tunajifunza kwake ushujaa mwingine: kumtakia wokovu hata anayetupiga. Tunapokaribia Sakramenti ya Kitubio tukiwa na kinyongo kwa jirani, tukumbuke kwamba huruma tunayoiomba haina mipaka ya kambi. Apumzike kwa amani.