Koitalel Hakushindwa na Bombomu

Mwezi uliopita nilikuwa Nakuru kwa harusi ya mpwa wangu. Baada ya sala ya Ijumaa mtaa wa Bondeni, nilitembea hadi kituo cha reli. Sisi watu wa Pwani hupenda kujisifu kwamba reli ilianzia kwetu Mombasa, mwaka 1896. Ilifika Nakuru 1900, na Kisumu mwisho wa 1901. Lakini ilipotoka Nakuru kwenda Kisumu ilipita ubavuni mwa nchi ya Wanandi, na huko alikuwapo mtu aliyeikataa. Jina lake Koitalel arap Samoei.

Babake, Kimnyole, alikuwa Orkoiyot, kiongozi na mtabiri wa Wanandi. Husimuliwa kwamba alitabiri nyoka wa chuma mwenye kutoa moshi. Wanandi wenyewe walimuua 1890. Wanawe wawili wakavutana; Kipchomber akaenda kwa Wakipsigis, Koitalel akabaki na uongozi.

Vita vyake na Waingereza vilianza 1895, wakati ambapo huku kwetu Mbaruk bin Rashid Mazrui naye alikuwa msituni akipigana nao hao hao. Mbaruk alivuka kwenda kwa Wajerumani 1896. Koitalel aliendelea kwa miaka kumi.

Waingereza walikuwa na Maxim, ile bombomu, au rashasha kama tunavyosema sasa. Aliibuni Hiram Maxim, mzaliwa wa Marekani, akiwa London mwaka 1884. Ufundi wake ni kwamba kishindo cha risasi moja ndicho kinachoingiza risasi inayofuata, na mtutu hupozwa kwa maji. Kwa dakika moja hutoa risasi zipatazo 500. Mbele yake mkuki na ngao si kitu, mchana, mahali peupe.

Basi Wanandi waliepuka mahali peupe. Walivizia msituni na usiku, wakaing'oa reli na kuchukua nyaya za simu, kisha wakatoweka milimani. Rashasha haina faida kwa asiyemwona adui yake.

Ndipo ikatafutwa njia nyingine. Tarehe 19 Oktoba 1905, afisa Richard Meinertzhagen wa kikosi cha tatu cha King's African Rifles alimwita Koitalel kwa mazungumzo ya amani. Alitangulia na askari wachache, wengine akawaficha karibu pamoja na rashasha. Walipokutana ana kwa ana, Koitalel akapigwa risasi akafa, yeye na waliofuatana naye. Meinertzhagen alidai kwamba aliwahi mtego. Wanandi hawajakubali hadi leo. Uchunguzi ulifanywa mara tatu, akaonekana hana hatia, ila mwaka uliofuata aliondolewa nchini.

Baada ya hapo jeshi liliingia kwa nguvu zote. Wanandi zaidi ya 1,000 waliuawa, maelfu ya ng'ombe wakachukuliwa, na waliosalia wakasukumwa mbali na reli. Rungu za uongozi wa Koitalel zilirudi kutoka Uingereza mwaka 2006. Kichwa chake, ambacho Wanandi wanasema kilikatwa kikapelekwa huko, bado wanakidai.

Ndugu msomaji, liko jambo lililonikaa moyoni pale kituoni. Kikosi kile cha tatu hakikutoka Uingereza. Mzizi wake ni East Africa Rifles, jeshi lililoundwa Mombasa mwaka 1895 kwa Wapunjabi, Wasudani na Waswahili. Yaani wengine waliopanda bara na bombomu walikuwa babu zetu. Kumbe tukijisifu kwa reli, na hili pia ni letu.

Dini yetu imetufunza kwamba aliyepewa amani hadhuriki, hata akiwa adui. Koitalel alistahimili rashasha kwa miaka kumi. Kilichomuua ni ahadi iliyovunjwa. Siku ukipita Nandi Hills, lilipo kaburi lake la kumbukumbu, simama kidogo.

Wasalaam.