Maisha ya Charlie Chaplin, Mgeni Aliyejulikana Kote

Nadhani wengi wenu mmekwisha kumwona Charlie Chaplin katika picha za sinema: yule mtu mdogo mwenye sharubu fupi, kofia nyeusi ya mviringo, suruali pana, viatu vikubwa na kifimbo mkononi. Tukimtazama twacheka sana. Lakini nilipozisoma habari za maisha yake, niliona kuwa chini ya kicheko hicho kuna swali kubwa: mtu huwa mwenyeji wa mahali kwa sababu gani?

Charlie alizaliwa Uingereza tarehe 16 Aprili, 1889. Wazazi wake walikuwa waimbaji wa jukwaani. Baba alikuwa mlevi, akafa mwaka 1901. Mama alishikwa na ugonjwa wa akili. Charlie alikuwa na umri wa miaka saba tu alipoingizwa katika nyumba ya maskini huko London pamoja na kaka yake, Sydney. Basi hata katika mji wa utoto wake hakuwa na mlango wa kuuita wake.

Mwaka 1910 alikwenda Marekani na kundi la wachezaji wa Fred Karno. Alirudi huko mara ya pili, na mwisho wa mwaka 1913 akapata kazi ya sinema. Mwaka 1914 alimtunga yule mzururaji tumjuaye. Kwa kuwa picha za siku zile zilikuwa bubu, hakuna aliyehitaji mkalimani, na baada ya miaka michache alijulikana duniani kote.

Picha nipendayo kuieleza ni The Immigrant, yaani Mhamiaji, ya mwaka 1917. Mzururaji yumo melini pamoja na maskini waendao Marekani. Meli inayumba, na bakuli la chakula linateleza mezani huku na huku. Msichana mmoja analia kwa kuwa mama yake ameibiwa fedha. Mzururaji anamtilia zake mfukoni kwa siri. Halafu Sanamu ya Uhuru ya New York inaonekana, na wote wanaitazama kwa matumaini. Mara maofisa wanawazungushia kamba kama mifugo. Chaplin hahubiri, ameweka sanamu na kamba pamoja, akatuachia sisi tuamue.

Miaka 35 baadaye kamba ile ilimfikia mwenyewe. Alikuwa amekaa Marekani karibu miaka 40, na mwaka 1919 alianzisha kampuni ya sinema huko pamoja na wenzake watatu, lakini hakuchukua uraia. Wakati ule hofu ya Ukomunisti ilikuwa imeenea, naye akashukiwa. Mnamo Septemba 1952 alipanda meli na mkewe na watoto kwenda London. Akiwa baharini alipata habari kuwa ruhusa yake ya kurudi imefutwa, na kwamba akitaka kuingia tena sharti ahojiwe kwanza. Hakurudi. Alihamia Uswisi, na mwaka 1957 akatoa picha ya mfalme aliyepoteza nchi yake akakimbilia New York.

Mwaka 1972 Marekani ilimwita ili kumtuza Oscar ya heshima. Watu walisimama wakampigia makofi kwa muda mrefu. Alifariki Uswisi tarehe 25 Desemba, 1977, mwenye umri wa miaka 88.

Wako waliomlaumu kwa kutoomba uraia. Wazee wetu husema mkataa kwao ni mtumwa, na yeye hakukataa kwao. Mimi kwa maoni yangu, cheti ni kitu cha lazima, lakini jasho la miaka 40 nalo ni ushahidi.

Wenzangu, kila mwaka shule hupokea wageni kutoka wilaya za mbali, wenye matamshi tusiyoyazoea. Tusiwe sisi wa kuwazungushia kamba. Mgeni njoo, mwenyeji apone.