Sewa Haji na Doti Zake

Na mwanafunzi wa Kidato cha Nne

Jina la Sewa Haji si geni kwa watu wa Bagamoyo, wala kwa mtu aliyepata kulazwa Muhimbili. Lakini nimeona kuwa wengi wetu hapa shuleni tunalijua jina bila ya kumjua mwenyewe. Kwa hiyo katika gazeti letu la muhula huu napenda kueleza maisha ya tajiri huyu, na pamoja nayo habari za neno moja dogo la vipimo, yaani doti. Msomaji asishangae kuona mambo mawili yamefungwa katika mzigo mmoja. Mali ya Sewa Haji ilihesabiwa kwa doti, na sifa yake mbaya ilitokana na doti. Mimi sidhani kama mtu aweza kumhukumu kwa haki asipojua kwanza doti ilikuwa nini.

Sewa Haji Paroo alizaliwa Unguja mwaka 1851, katika jamaa ya Waismailia waliotoka Bara Hindi kuja kufanya biashara. Jamaa yake walifungua biashara Bagamoyo pia, nao hawakukosea, kwa maana siku zile mji huu ulikuwa mlango wa bara. Wanyamwezi walishuka kwa maelfu wakichukua pembe za ndovu mabegani, na walipopanda tena walichukua nguo, ushanga na waya. Kutoka misitu ya Mrima ilikuja sandarusi. Njia ilipita Usagara na Ugogo mpaka Tabora, na wengine waliendelea mpaka Ujiji, safari ya kilometa 1,200 hivi kwa miguu. Ni lazima niseme pia kuwa njia hiyo hiyo ilipitiwa na watumwa, na soko la watumwa la Unguja halikufungwa mpaka mwaka 1873. Sewa Haji akaingia katika biashara ya jamaa yake angali kijana, umri wake haujauzidi sana umri wa sisi wa Kidato cha Nne.

Kazi yake hasa ilikuwa kuandaa misafara. Mtu aliyetaka kwenda bara, awe Mwarabu wa pembe, Mzungu mvumbuzi au mmisionari, alihitaji wapagazi, na wapagazi hawapatikani kwa kupiga kelele sokoni. Sewa Haji aliwajua, akawaandikisha, akawapa malipo ya mbele, akafunga mizigo. Mzigo wa mtu mmoja ulikuwa kama frasila mbili, yaani ratli 70, nasi tukisema kwa kilo ni zaidi ya 31. Hebu mwenzangu jaribu kubeba gunia la uzito huo toka bwenini mpaka kisimani, kisha ufikiri habari za Tabora.

Sasa doti. Hesabu yake huanza katika mwili wa mtu. Toka kiwiko mpaka ncha ya kidole cha kati ni mkono mmoja, au dhiraa. Mikono miwili ni wari, yaani yadi. Mikono minne ni pima, na kitambaa chenye urefu huo kiliitwa shuka. Shuka mbili zisizokatwa ni doti, mikono minane, wari nne. Kwa vipimo tunavyofundishwa darasani ni meta 3.66. Neno lenyewe yasemekana limetoka India, katika jina la vazi la kiunoni wanaloliita dhoti. Nguo ya merikani ilikuja katika majora ya wari 30, na mwenye akili ya hesabu ataona mara moja kuwa jora moja hutoa doti saba na kubaki shuka moja. Ile shuka iliyobaki, naamini, iligombaniwa mara nyingi.

Lakini mkono ni wa nani? Hapo ndipo penye neno. Wazee wetu walitofautisha dhiraa kamili, inayofika ncha ya kidole, na dhiraa konde, inayoishia kwenye ngumi iliyofumbwa. Mtu aweza kuahidi doti kumi kwa dhiraa kamili akalipa kwa konde, na kwa ulimi asiwe amesema uwongo hata kidogo. Tena, hata bila ya hila, watu hawalingani. Nilichukua uzi nikawapima wenzangu bwenini. Mrefu wetu alipata sentimeta 51, na mfupi wetu 44. Basi doti ya yule wa kwanza ni meta 4.08, na doti ya yule wa pili ni meta 3.52. Tofauti ni sentimeta 56 katika kila doti, nao wote wawili ni watu waaminifu.

Kadhalika doti haikuwa urefu tu. Ilikuwa fedha. Mpagazi aliajiriwa kwa doti kadhaa mpaka Unyanyembe. Chakula cha njiani kilinunuliwa kwa nguo, na hongo ya watawala wa Ugogo ilitajwa kwa doti. Doti ya kaniki na doti ya merikani zilikuwa na urefu mmoja lakini thamani mbalimbali, na doti ya nguo za rangi ilikuwa kitu kingine tena. Hata merikani yenyewe haikuaminika daima. Wamarekani walipopigana wao kwa wao, mwaka 1861 mpaka 1865, nguo yao ilipungua pwani, na nguo za viwanda vya nchi nyingine zikaingia mahali pake. Tena kadiri nguo ilivyokwenda mbali na bahari ndivyo thamani yake ilivyopanda, kwa sababu mtu aliyeibeba alikuwa amekwisha kula sehemu yake njiani. Basi neno moja lilikuwa na maana ya urefu, ya mshahara, ya kodi na ya bei, na kila mmoja alilishika upande uliomfaa.

Siku hizi neno hili bado li hai madukani. Mama akienda kununua khanga huomba doti moja, naye hupewa khanga mbili zilizoungana. Lakini khanga nyingi hukaribia urefu wa meta moja na nusu, hivyo doti ya leo ni kama meta tatu. Neno limebaki, ila nguo imepungua zaidi ya nusu meta, na hakuna anayelalamika, kwa maana doti sasa ni hesabu ya vipande viwili na si ya mikono minane.

Mwanzoni mwa mwaka 1871 alifika Bagamoyo mwandishi wa gazeti la Marekani, Henry Morton Stanley, mwenye miaka 30, akitaka kwenda kumtafuta David Livingstone. Huko Unguja alikuwa ameuliza gharama za safari, akaambiwa kuwa watu 100 hutosheka kwa chakula cha doti kumi kila siku. Stanley akaagiza kwa mwaka wa kwanza merikani doti 2,000, kaniki doti 1,000, na nguo za rangi doti 650. Jumla ni 3,650, nawe ukigawanya kwa siku 365 utapata kumi kamili. Nguo hizo zingetandazwa zingefika zaidi ya kilometa 13. Nikazidisha pia ule upungufu wa sentimeta 56 tulioupata bwenini. Ungekuwa katika kila doti, zingepotea kilometa mbili na zaidi, yaani chakula cha watu 100 kwa siku kama 55. Hii ni hesabu yangu tu, si shitaka juu ya mtu. Nataka msomaji aone jinsi jambo dogo la kiwiko lilivyoweza kuwa jambo la njaa.

Wapagazi Stanley alipatiwa na Sewa Haji, aliyekuwa kijana wa miaka 20 hivi. Wakakubaliana watu 140. Kisha ikawa kungoja. Wapagazi walikuja wachache wachache, hesabu zikazidi, na Stanley akakaa pwani akiwaka kwa hasira huku masika yakikaribia. Msafara wa mwisho, aliokuwamo yeye mwenyewe, uliondoka Bagamoyo tarehe 21 Machi 1871. Aliporudi Ulaya akatoa kitabu mwaka 1872, na ndani yake amemwandika Sewa Haji, kwa jina la Soor Hadji Palloo, kuwa ni kijana mjanja mno, ambaye kichwa chake kilijaa hesabu za kupunja watu. Kitabu hicho kilisomwa duniani kote. Hivi ndivyo mtu wa Bagamoyo alivyojulikana London na New York kabla ya kufika umri wa miaka 22, naye amejulikana kwa ubaya.

Wenzangu wengine husema kuwa basi jambo limekwisha, mtu alikuwa mwizi na sadaka zake za baadaye zilikuwa sabuni ya kujiosha. Mimi sikubali upesi hivyo. Kwanza, Stanley aliandika na Sewa Haji hakuandika. Tumesikia mdai bila ya mdaiwa. Pili, Stanley alikuwa na haraka na mgeni wa desturi, na mgeni mwenye haraka huuziwa ghali katika kila mji wa dunia. Tatu, Stanley mwenyewe si shahidi asiye na doa. Haikupita miaka kumi alikuwa Kongo akimtumikia Mfalme Leopold wa Pili wa Ubelgiji, akipata mikataba ya ardhi kwa machifu na kuwalipa vitambaa. Sijui nani angempima yeye kwa dhiraa gani.

Hata hivyo sitaki kumvika Sewa Haji kanzu nyeupe. Alitajirika kwa kusimama kati ya mwenye safari na mchukuzi wa mzigo, na mtu asimamaye hapo hupata mkato wake pande zote mbili. Katika kisa hiki kizima mtu ambaye hakuulizwa kitu ni mpagazi. Stanley amelalamika, Sewa Haji amepata faida, lakini yule Mnyamwezi aliyelipwa doti, je, ilikuwa kamili au konde? Yeye ndiye aliyekuwa na sababu kubwa ya kulipima neno lile, kwa kuwa alilibeba begani.

Miaka ikapita. Stanley alitokea tena Bagamoyo tarehe 4 Desemba 1889, safari hii pamoja na Emin Pasha, akakuta mambo yamegeuka. Wadachi walikuwa wamekwisha shika pwani, mji ulikuwa umepigwa mizinga katika vita vya Abushiri, na siku chache baadaye Abushiri mwenyewe alinyongwa Pangani. Sewa Haji alikuwa sasa mkubwa wa waandaaji wa misafara, na serikali mpya nayo ilihitaji wapagazi kama Stanley alivyowahitaji.

Hapo ndipo alipoanza kutoa. Mwaka 1892 alimkabidhi Gavana von Soden nyumba ya ghorofa hapa Bagamoyo iwe shule, kwa sharti kwamba watoto wa kila taifa wapokewe. Msomaji akumbuke mwaka huo. Katika nchi hii shule zilitengwa kwa rangi za watu hata katika enzi ya Waingereza, miaka mingi baadaye, na huyu mfanyabiashara alikwisha weka sharti kinyume cha hilo katika karne ya kumi na tisa. Mimi naona sharti lile ni kubwa kuliko nyumba. Mwaka uliofuata alitoa fedha za kujengea hospitali Dar es Salaam kwa ajili ya Waafrika na Wahindi, watu ambao serikali haikuwa na haraka nao. Wakoma wa Bagamoyo pia aliwasaidia.

Alikufa Unguja tarehe 10 Februari 1897, akiwa na miaka 46 tu. Katika wasia wake aliacha nyumba na viwanja vyake mikononi mwa serikali, ili mapato yake yasaidie wagonjwa maskini na wakoma. Hakuiona reli ikianza kujengwa kutoka Dar es Salaam mwaka 1905, wala ikifika Kigoma mwaka 1914 na kuimaliza kazi ya wapagazi, na pamoja nayo ukubwa wa Bagamoyo.

Hospitali aliyoitoa ilifunguliwa mwaka ule ule wa kufa kwake, ikapewa jina lake, ikawatibu watu wa Dar es Salaam kwa muda wa miaka karibu sitini. Mwaka 1956 ilifunguliwa hospitali kubwa mpya iliyoitwa Princess Margaret, ambayo ndiyo Muhimbili ya sasa. Jengo la zamani likavunjwa, lakini jina likahamishwa pamoja na wagonjwa. Ukienda Muhimbili leo kumtazama mgonjwa, huenda ukaelekezwa jengo la Sewahaji, maneno mawili yameungana kuwa moja kama khanga ambazo hazijakatwa.