Ambedkar: Bosi aliyerushiwa faili na makarani wake

Bhimrao Ambedkar alizaliwa India mwaka 1891, katika jamii ya Mahar. Hawa walihesabiwa najisi, eti ukiwagusa nawe umenajisika. Lakini kichwani alikuwa moto! Mfalme wa Baroda alimfadhili, akasomea Columbia, Marekani, kisha London.

Mwaka 1917 akarudi Baroda kufanya kazi serikalini, kama alivyoahidi. Balaa tupu. Makarani na matarishi waliokuwa chini yake walimrushia faili kwa mbali, wasije wakamgusa. Maji ya ofisini, marufuku. Nyumba ya kupanga, hakuna. Yaani cheo anacho, ila hana pa kulala! Hakukaa sana, akajiondokea.

Mwaka 1947 ndiye aliteuliwa mwenyekiti wa kamati ya kuandika katiba ya India. Kifungu cha 16 kinampa kila raia fursa sawa katika ajira ya serikali, na kinaruhusu nafasi zitengewe waliobaguliwa.

Je, kutengewa huko kunahusu pia kupandishwa vyeo? Mwaka 1992 Mahakama ya Juu ilikataa. Bunge likarekebisha kifungu hichohicho mwaka 1995 ili kuruhusu. Ambedkar hakuyaona hayo. Alifariki Desemba 6, 1956.