Taras Shevchenko wa Ukraine
Mtu ninayemstahi sana ni Taras Shevchenko, mshairi wa Ukraine. Alizaliwa mwaka 1814, mtumwa wa mwenye mashamba. Akakombolewa mwaka 1838 kwa rubli 2,500. Wakubwa waliidharau lugha yake, wakidai ni Kirusi cha washamba. Lakini mkate kwa Kipolandi ni chleb, kwa Kiukraine khlib, kwa Kirusi khleb; asante ni dziękuję, diakuju na spasibo. Lugha hizi ni ndugu, wala si moja. Akatunga kwa lugha ya kwao, na kitabu chake Kobzar kikatoka mwaka 1840. Mwaka 1847 alikamatwa, akahamishwa mbali awe askari, akakatazwa kuandika. Akaandika kwa siri, akificha vijitabu ndani ya buti. Alikufa mwaka 1861. Nasi tusizionee haya lugha za mama zetu.