Barry Fitzgerald: Karani wa Dublin Aliyeingia Jukwaani

Katika sinema kuna waigizaji ambao majina yao huandikwa kwa herufi kubwa juu ya bango. Kuna wengine pia ambao mtazamaji huikumbuka sura yao na sauti yao hata kama jina limemtoka. Barry Fitzgerald, mtu mfupi wa Ireland mwenye nyusi nene na sauti ya kukwaruza, alikuwa wa kundi hili la pili. Maisha yake yanastahili kusomwa na kila anayejifunza lugha, maana alipata mkate wake kwa usemi wa watu wa kwao.

Alizaliwa Dublin tarehe 10 Machi 1888, katika familia ya Kiprotestanti, na wazazi wakamwita William Joseph Shields. Wakati huo Ireland yote ilitawaliwa na Uingereza. Kijana Shields alipata kazi ya ukarani serikalini: mshahara mdogo lakini wa hakika, na pensheni mwishoni. Jioni, baada ya kufunga biro, alikwenda Abbey Theatre, jumba la michezo lililofunguliwa mwaka wa 1904 na Yeats, Lady Gregory na wenzao ili Waairishi wajione wenyewe jukwaani. Ili wakubwa wake wa kazi wasimtambue, alijipa jina la Barry Fitzgerald. Hivyo kwa miaka mingi mtu mmoja aliishi maisha mawili, mchana karani na usiku mwigizaji. Mdogo wake, Arthur Shields, naye alikuwa mwigizaji wa Abbey. Arthur alishika bunduki katika maasi ya Pasaka ya mwaka wa 1916, akafungwa kambini Frongoch, huko Wales.

Bahati ya Barry ilikuja na Sean O'Casey, kibarua wa Dublin aliyeanza kuandika tamthilia. O'Casey hakuwapa wahusika wake lugha ya vitabuni. Aliwapa maneno ya watu waliobanana katika vyumba vya kupanga vya mitaa maskini. Mwaka wa 1924, katika Juno and the Paycock, Fitzgerald aliigiza Kapteni Boyle, baba mvivu anayejisifu kuwa baharia mkubwa, na ambaye miguu humuuma kila anaposikia habari za kazi. Watu walicheka, kisha wakaona nyumba nzima ikiporomoka kwa ajili ya mtu huyo huyo waliyemcheka.

Mwaka wa 1926 ikafuata The Plough and the Stars, tamthilia kuhusu yale maasi ya 1916. Wengi waliona kwamba mashujaa wao wametukanwa. Fujo zilizuka ukumbini, watu wakapanda jukwaani, na Yeats mwenyewe akasimama kuwakemea. Kuigiza usiku ule kulitaka moyo wa ujasiri, na Fitzgerald alikuwa miongoni mwa waliokuwa jukwaani.

Miaka miwili baadaye Abbey ilikataa tamthilia mpya ya O'Casey, The Silver Tassie. Ilipochezwa London mwaka wa 1929, Fitzgerald alipaswa kuchagua: kulinda kiti chake cha ukarani au kwenda. Alikuwa na miaka 41. Akaacha kazi ya serikali, akaenda.

John Ford alimwita Hollywood kwa filamu ya The Plough and the Stars, iliyotoka mwaka wa 1936, na huko akabaki. Mwaka wa 1944, katika Going My Way, Mprotestanti huyo aliigiza padri mzee Mkatoliki kwa namna iliyowagusa watu hata akapendekezwa kwa Oscar mara mbili kwa nafasi ile ile moja: kama mwigizaji mkuu na kama mwigizaji msaidizi. Alishinda ile ya usaidizi. Ile kuu ikaenda kwa mwenzake wa filamu hiyo hiyo, Bing Crosby. Baadaye kanuni zilibadilishwa ili jambo hilo lisitokee tena. Kwa kuwa ilikuwa wakati wa vita, sanamu za tuzo zilitengenezwa kwa plasta; yake aliivunja kichwa alipokuwa akijizoeza gofu nyumbani.

Mwaka wa 1948 alikuwa mwigizaji mkuu wa The Naked City, akiwa mpelelezi wa polisi wa New York. Mwaka wa 1952, katika The Quiet Man ya Ford, alikuwa mshenga wa kijiji, naye Arthur akawa mchungaji wa Kiprotestanti.

Lawama haikosi. Hollywood ilimtaka mara nyingi awe yule mzee wa Kiairishi mcheshi, mpenda pombe, picha ambayo wageni walizoea kuicheka. Lakini anayemfahamu Kapteni Boyle anajua kwamba mzee huyo alianzia penye uchungu, mbele ya watu wa Dublin waliojitambua ndani yake. Fitzgerald alirudi kwao, akafariki Dublin mnamo Januari 1961.